Mwongozo wa Kuanza Kazi ya Ubunifu wa Mandhari ya Televisheni Jijini Dar es Salaam

Vijana wanaotaka kuingia katika kazi hii huniuliza maswali yaleyale: nianzie wapi, je, ni lazima niwe na shahada, na kazi yenyewe si ni kupamba sebule tu kisha kuondoka? Nimeamua kuyajibu kwa maandishi, hatua kwa hatua, ili anayeanza leo asijifunze kwa hasara kama nilivyojifunza mimi.

Kwanza jina. Katika maeneo ya kurekodia hapa Dar es Salaam utaitwa "mtu wa seti", "ati dairekta" au "fundi" tu, na mara nyingi utabeba peke yako majukumu ambayo penye fedha nyingi hugawanywa kwa watu watano. Mbunifu wa mandhari ndiye anayeamua mahali pa kisa panavyoonekana kwenye kioo cha televisheni: kuta, rangi, samani, vyombo, vibao vya barabarani, hata sufuria iliyoungua juu ya jiko. Mwanga ni wa mpiga picha na maleba, yaani mavazi ya waigizaji, yana mtu wake, lakini hao wawili hawawezi kufanya kazi vizuri bila wewe, wala wewe bila wao. Cheo hiki kilianza Hollywood mwaka 1939, William Cameron Menzies alipotambuliwa kwacho, lakini historia hiyo haitakusaidia kupata mbao, kwa hiyo tuiache hapo.

Unachohitaji kabla ya kuanza

Shahada si sharti, ingawa mafunzo yanafupisha njia. Idara ya Sanaa Bunifu ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo hufundisha sanaa za jukwaani, na waliosomea usanifu majengo Chuo Kikuu Ardhi huja na ujuzi wa kuchora ambao sisi wengine tuliupata kwa taabu. Usidharau pia useremala wa VETA: mbunifu anayejua kwa nini mbao imepinda hadanganywi na fundi.

Vifaa vyenyewe ni vichache. Tafuta futi kamba ya mita 5 na nyingine ndefu ya mita 30, daftari gumu, penseli, rula ya vipimo vya ramani yenye uwiano wa 1:20 na 1:50, pima maji ndogo, na simu yenye kamera nzuri na nafasi ya kutosha ya kuhifadhi picha. Kompyuta yenye programu ya kuchorea ya SketchUp ni msaada mkubwa, lakini nimeona seti nzuri zilizotoka kwenye karatasi ya miraba. Kitu ambacho hakinunuliwi dukani, nacho ni cha lazima, ni orodha ya namba za watu: seremala wawili, fundi rangi, fundi umeme, mshonaji wa mapazia na dereva wa kirikuu anayepokea simu saa kumi na moja alfajiri.

Hatua za kazi

1. Jifunze kusoma nyumba za watu.

Kabla hujabuni chumba cha mtu asiyekuwepo, zoea kusoma vyumba vya watu waliopo. Chumba cha kupanga cha Tandale au Manzese, ambamo kitanda kimetenganishwa na kochi kwa pazia, kina jokofu pembeni ya televisheni kwa sababu jiko ni la wapangaji wote, kina ndoo ya maji yenye mfuniko na mtungi mdogo wa gesi, na viatu vimeachwa mlangoni. Sebule ya familia yenye uwezo huko Mbezi Beach ina kabati la kioo lililojaa vyombo vinavyosubiri mgeni ambaye huenda asije. Ukutani pana kalenda ya msikiti, ya parokia au ya chama cha kuweka na kukopa, na kalenda hiyo moja inamweleza mtazamaji dini ya mwenye nyumba, kazi yake na mwaka wa kisa, bila mwigizaji kufungua kinywa. Karibu na mita ya LUKU pameandikwa tarakimu kwa kalamu. Nyuma ya kochi, usawa wa vichwa, ukuta una alama ya mafuta ya nywele. Hayo ndiyo yanayokosekana katika tamthilia nyingi, na ndiyo yanayomfanya mtazamaji wa Buguruni aseme moyoni kwamba hapa hapajawahi kukaliwa na mtu.

Ukialikwa popote, angalia, kisha uandike ukifika kwako. Ukitaka kupiga picha, omba ruhusa kwanza. Kwa visa vya vijijini na vya zamani, Kijiji cha Makumbusho kilichoko kando ya Barabara ya Bagamoyo kina nyumba za asili za jamii mbalimbali ambazo unaweza kuziingia na kuzitazama kwa karibu, na Makumbusho ya Taifa yaliyoko Mtaa wa Shaaban Robert yatakusaidia kwa vitu vidogo.

2. Chambua mswada kabla ya kununua hata msumari.

Soma mswada mara ya kwanza kama hadithi, bila kalamu. Mara ya pili, tengeneza jedwali: namba ya onyesho, ndani au nje, mchana au usiku, mahali, wahusika waliopo, na vitu vinavyotajwa. Vitu vigawe mafungu mawili. Fungu la kwanza ni vile vinavyoguswa na mwigizaji, kama kikombe anachokivunja au barua anayoichana, na hivi lazima viwe zaidi ya kimoja kwa sababu onyesho litarudiwa. Fungu la pili ni vile vinavyoonekana tu, na hivi unaweza kuviazima.

Kisha hesabu. Tuchukue mfano wa tamthilia ya sehemu 13 ambayo sebule ya mama mmoja inatokea katika maonyesho 40, ofisi katika 12 na wodi ya hospitali katika 3. Sebule hiyo ijenge studio, kwa sababu nyumba ya kukodi utakayoirudia kwa wiki nyingi itakuchosha kwa kelele za jirani, jogoo na mwenye nyumba mwenyewe. Ofisi ikodi kwa siku mbili na urekodi maonyesho yake yote pamoja. Wodi usiijenge wala usiikodi: kona moja yenye kitanda cha chuma, pazia la kijani hafifu na chupa ya dripu inatosha, mradi umekubaliana na mwongozaji kwamba kamera haitageuka. Jedwali hili ndilo litakalokutetea mbele ya mtayarishaji anayeona kuwa umetaka fedha nyingi.

Angalizo: kisa cha nyuma ya miaka hii kina mitego, na mitego ya hapa kwetu imefichika kwa sababu tumeishi nayo. Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni hadi mwaka 1994, kwa hiyo familia ya Magomeni ya mwaka 1985 inasikiliza Radio Tanzania, haikai mbele ya luninga kusubiri taarifa ya habari. Noti tunazotumia zilianza kutolewa mwaka 2011. Mabasi ya mwendokasi yalianza kubeba abiria mwaka 2016, na vituo vyake haviwezi kuonekana nyuma ya mhusika wa mwaka 2005 anayevuka Barabara ya Morogoro. Mifuko ya plastiki ya rambo ilipigwa marufuku tarehe 1 Juni 2019: kabla ya hapo ilikuwa kila mkono, na baada ya hapo ikionekana ni kosa lako. Namba za magari nazo zinasema umri, kwa kuwa herufi ya kwanza baada ya tarakimu imekuwa ikipanda kwa mfuatano kutoka A kwenda mbele, na gari lenye E katika kisa cha mwaka 2008 litaonwa na kila kijana wa kijiweni.

3. Kubaliana juu ya rangi na mwongozaji, mpiga picha na mtu wa maleba.

Kusanya picha ulizopiga, vipande vya vitambaa na sampuli za rangi, uzibandike kwenye kadibodi moja kwa kila mahali muhimu, kisha waite wote watatu wakae mbele yake. Kikao hiki cha saa moja huokoa siku nzima ya kupaka upya.

Usikubali ukuta mweupe kabisa. Kamera ikipambana na ukuta mweupe, nyuso nyeusi za waigizaji wetu hupotea gizani, na mpiga picha akizifungulia nyuso, ukuta unawaka. Ukuta wa kahawia iliyokolea nao hummeza mtu. Chagua rangi za katikati, kama krimu iliyofifia, samawati iliyochanganywa na kijivu, au ule udongo mwekundu uliopauka ambao tumeuzoea kwenye nyumba zetu. Vitambaa vyenye mistari myembamba iliyobanana huchezacheza kwenye kioo, kwa hiyo viache. Rangi ya mafuta inang'aa na kurudisha taa. Tumia rangi ya maji isiyong'aa, hata kama nyumba halisi ingepakwa ya mafuta. Na hakikisha kochi halifanani na gauni la mhusika mkuu, jambo ambalo limetokea mara nyingi kuliko inavyofaa kukiri.

4. Pima, kisha uchore, kisha upime tena.

Hapa ndipo mbunifu anapotofautiana na mpambaji. Bodi ya playwudi inayouzwa hapa ina futi 8 kwa 4, yaani takribani mita 2.44 kwa 1.22, na ukibuni kuta kwa vizidisho vya kipimo hicho hutakata ovyo wala kutupa vipande. Chumba chenye ukuta wa nyuma wa bodi nne na kuta mbili za pembeni za bodi tatu kila moja kinahitaji bodi kumi, nacho kitakuwa na upana wa karibu mita 4.9 na kina cha karibu mita 3.7. Upande wa nne unabaki wazi kwa ajili ya kamera. Fremu za nyuma ni za mbao za mbili kwa mbili. Angalau ukuta mmoja wa pembeni uufunge kwa skrubu, usiupige misumari, ili uweze kuondolewa mpiga picha anapohitaji kurudi nyuma.

Chora ramani kwa uwiano wa 1:50, uweke alama ya upande ambao kila mlango unafungukia, kisha tengeneza kielelezo cha kadibodi kwa uwiano wa 1:20. Kielelezo hicho kinaonekana kama mchezo wa watoto, lakini mwongozaji asiyeelewa ramani atainama, atachungulia kwa simu yake, na papo hapo atakuambia mlango uhamie kushoto. Afadhali auhamishe ukiwa wa kadibodi.

Angalizo: pima pia njia ya kupitishia. Katika kazi yangu ya pili nilijengesha kuta za futi 10 kwenda juu kwenye karakana ya Keko, zikapakwa vizuri, zikapakiwa, zikafika studio usiku, na mlango wa studio ulikuwa na urefu wa mita 2.1. Korido ya kuelekea ndani ilikuwa na kona, kwa hiyo hata kuzilaza hazikupinda. Tulizikata kwa msumeno pale uwanjani hadi alfajiri, na ule mstari wa maungio ulionekana katika sehemu zote zilizofuata. Tangu siku hiyo napima geti, mlango, korido, kona na ngazi kabla ya kupima chumba chenyewe.

5. Andika bajeti ambayo mtu mwingine anaweza kuikagua.

Gawanya kwa mahali, si kwa aina ya bidhaa, ili mtayarishaji akitaka kupunguza aone wazi kwamba anaondoa ofisi na si "mbao". Weka usafiri, wapakuaji na chakula cha mafundi katika mistari yao, kwa sababu hivi ndivyo vinavyosahaulika na kulipwa kutoka mfukoni mwako. Ongeza sehemu ya kumi ya jumla kwa dharura. Dai risiti ya EFD kila unaponunua, na kwa muuzaji wa mitumba asiye nayo andika mwenyewe hati ndogo yenye tarehe, kitu, bei na sahihi yake.

6. Nunua, azima na ujenge.

Samani za kutengenezwa tafuta Keko. Vitambaa, vyombo, rangi na vifaa vya ujenzi viko Kariakoo, na inafaa kwenda asubuhi siku ya kazi, ukiwa na orodha na bila haraka inayoonekana usoni. Vitu vilivyotumika, ambavyo kwako vina thamani kuliko vipya, viko katika masoko ya mitumba na kwa mafundi wa kukarabati. Njia ambayo mimi huipenda zaidi ni kumpa mama wa mtaani sufuria mpya na kuchukua yake ya zamani. Wote wawili huondoka wameridhika. Picha za kuchora za kutundika ukutani zina wenyewe: ukitumia kazi ya msanii, iwe ya Tingatinga au nyingine, mpe malipo na upate ruhusa yake kwa maandishi.

Seti ikishasimama, izeeshe. Zimua rangi ya kahawia kwa maji mengi, uipitishe kwa kitambaa pembezoni mwa swichi, kwenye kingo za milango na chini ya madirisha, yaani pale mikono na mvua hufika. Piga msasa mikono ya viti. Chovya mapazia meupe kwenye chai ya rangi iliyokolea. Usipake uchafu kila mahali kwa usawa, kwa sababu nyumba huchakaa pale inapotumika tu, na mama mwenye nyumba maskini mara nyingi ni msafi kuliko tajiri.

Angalizo la usalama: kila ukuta uegemezwe nyuma kwa mhimili wa mshazari na kushikwa kwa viroba vya mchanga. Waya za taa zinazoonekana kwenye picha afunge fundi umeme, si wewe. Weka kizima moto mahali panapojulikana na kila mtu. Wakati wa masika ongeza siku moja au mbili za kukausha rangi.

7. Kabla ya kurekodi nje au kwenye nyumba ya watu, shika karatasi mkononi.

Kibali cha kurekodi kutoka Bodi ya Filamu ni jukumu la mtayarishaji, lakini omba nakala yake, pamoja na barua ya serikali ya mtaa na mkataba wa mwenye nyumba unaosema kama unaruhusiwa kupaka rangi au kutoboa ukuta. Sare za polisi na za jeshi, pamoja na silaha hata za bandia, usizitoe hadharani bila ruhusa ya vyombo husika.

8. Linda mwendelezo, kisha rudisha kila kitu.

Piga picha ya kila kona mwanzoni na mwishoni mwa kila onyesho, uzipange kwa namba ya onyesho na si kwa tarehe, kwa kuwa tamthilia hairekodiwi kwa mpangilio wa kisa. Glasi iliyokuwa nusu lazima irudi nusu. Kwenye nyumba ya kukodi, picha ulizopiga kabla ya kuhamisha kiti cha kwanza ndizo zitakazokuokoa mwenye nyumba atakapodai kwamba ufa ule ni wako.

9. Ingia kazini ukiwa msaidizi.

Hakuna anayekabidhi seti kwa mgeni. Omba kuwa msaidizi wa vifaa katika tamthilia, matangazo ya biashara au filamu za wanafunzi, na uwe yule anayejua kila kitu kiliko. Kwingine wanakoanzia wengi ni studio ndogo za mahojiano: meza, viti viwili na ukuta wa nyuma, ambapo makosa ni machache na yanaonekana haraka. Kwa kila kazi hifadhi picha tatu, yaani mchoro, seti ikiwa tupu, na jinsi ilivyoonekana kwenye kioo. Kazi tano zilizopangwa hivyo zinamshawishi mtayarishaji kuliko picha mia za sebule nzuri. Mkataba uwe wa maandishi, utaje siku za maandalizi na za kubomoa na si za kurekodi pekee, na useme malipo ya kwanza yanatoka kabla ya manunuzi.

Mambo yakiharibika

Ukuta unatikisika mlango unapofungwa kwa nguvu. Ongeza mhimili nyuma ya fremu ya mlango pande zote mbili, na ubandike kipande cha sponji pale mlango unapogonga. Isipotosha, mwombe mwongozaji aruhusu mlango ubaki wazi kidogo, na sauti yake iwekwe baadaye.

Sauti inarudi kama ya kisimani. Seti ya playwudi ni ngoma. Tandika zulia au mikeka mizito nje ya macho ya kamera, tundika mablanketi nyuma ya kuta, na uongeze mapazia ambayo kisa kinayaruhusu.

Kioo cha picha ukutani kinaonyesha taa au kameramani. Weka kitu kidogo nyuma ya fremu, upande wa juu, ili iiname mbele kidogo. Kwa kawaida inatosha. Vinginevyo toa kioo kabisa, kwani hakuna atakayekikosa.

Balbu ya kwenye seti inapepesa kwenye kamera ingawa kwa macho imetulia. Umeme wetu ni wa hezi 50, na balbu za LED za bei rahisi huufuata mpigo huo. Mwombe mpiga picha aweke kasi ya shata kwenye 1/50, au badilisha balbu. Kaa na balbu za ziada za aina mbili.

Umeme umekatika na jenereta haikuagizwa. Angalia kwenye jedwali lako ni onyesho gani la usiku linaloweza kubeba kandili au mshumaa bila kuharibu kisa, ulipeleke kwa mwongozaji. Kandili mbili na chupa ya mafuta ya taa hazikosi katika sanduku langu.

Mwenye nyumba amebadili mawazo asubuhi ya kurekodi. Usibishane mlangoni, hiyo ni kazi ya mtayarishaji na mkataba wake. Wewe fungua ramani uone kama onyesho linaweza kubanwa kwenye kona ya seti iliyopo, na uanze kuhamisha vitu vile vinavyoguswa, kwani bila hivyo hakuna onyesho popote.

Kazi imekwisha na malipo ya mwisho hayaji. Mimi imenitokea zaidi ya mara moja, na mara zote kosa langu lilikuwa moja: nilikuwa nimerudisha vitu vyote stoo ya kampuni kabla ya hesabu kufungwa. Siku hizi orodha ya makabidhiano husainiwa na pande mbili siku ileile ya malipo, na funguo za stoo hubaki kwangu mpaka hapo.